Usinipe Mkono Ukifika

Laini Saba, Kibera
Jumapili, baada ya ibada

Kwako Baba Whitney, ndugu yangu mkubwa,

Nakusalimu wewe na nyumba yako yote hapo Kawangware 46. Natumai kile kikohozi ulichokuja nacho kimekuachilia, na kwamba sukari yako haijapanda, maana nakujua, ukikasirika unasahau dawa. Nasikia Whitney amerudi chuoni. Mwambie shangazi yake hajasahau ile sketi, ni uzi tu wa rangi yake uliokosekana. Mama Whitney naye natumai presha yake imetulia. Mimi huku ni mzima wa mwili, ila hasira imenijaa mpaka cherehani yangu imekatika sindano mara mbili leo, na Ken, mdogo wetu, yuko vile nitakavyokueleza.

Utashangaa ni nani bado anaandika barua siku hizi, tena kutoka Kibera kwenda Kawangware, mahali ambapo mtu anaweza kwenda kwa miguu na kurudi kabla sufuria ya maharagwe haijaiva. Ninaandika kwa sababu simu zangu huzishiki, na kwenye kundi la familia nikianza sentensi Eddah mkeo ananimalizia. Barua haikatwi katikati. Muia, yule fundi anayechomelea mageti pamoja na Ken, ana kazi huko kwenu kesho na ameahidi kukukabidhi mkononi. Nakuomba uisome peke yako mpaka mwisho kabla ya kumpa Mama Whitney, kwa kuwa huko mwisho kuna neno ambalo katika nyumba yetu ni Ken tu anayelijua.

Nianze na mlango, maana najua huko ndiko unakoumia. Ulikuja Jumamosi ile na wazee wa kanisa na akina mama wa maombi, mkaanza kuimba tangu kwenye reli, na majirani wakatoka kuwatazama. Mkanikuta mlangoni na beseni la maji na sabuni. Wewe ulikuwa unakohoa ndani ya kitambaa. Nikakwambia kwa heshima, na Mungu anajua nilisema kwa heshima, kwamba wewe na mwingine yeyote mwenye mafua msiingie, na wengine wanawe mikono, waingie mmoja mmoja bila kumshika Ken mkono wala kumwekea mikono kichwani. Ukaniuliza mbele ya wote kama nimesahau ni nani aliyenibeba mgongoni mama alipokufa. Sijasahau, Baba Whitney. Nimebebwa na mgongo huo huo. Lakini hata mgongo ulionibeba unaweza kubeba homa, na homa inayokulaza wewe siku mbili ingemuua Ken. Mkageuka wote, mkaombea kule kwenye reli, na matunda mkaniachia kizingitini. Nikayagawa kwa majirani kwa sababu Ken haruhusiwi tunda lolote lisilopikwa. Siku hiyo hiyo nikasikia inasemwa huko Kawangware kwamba Awiti amekataa maombi na kutupa chakula cha watakatifu.

Sasa nikueleze ugonjwa, maana naona kila mtu anaujua isipokuwa anayemuuguza. Unakumbuka Ken alianza na alama za mapigo mwilini, mapajani na mikononi, kama mtu aliyepigwa na rungu. Watu wa karakana wakasema amegombana na wenzake. Kisha fizi zikawa zinatoka damu akipiga mswaki, na kidonda kidogo cha bati kwenye kidole kikakataa kupona. Homa ikawa inakuja na kuondoka. Kila alipoenda duka la dawa alipewa dawa ya malaria, akirudi anapewa ya taifodi, mpaka akaanguka huku ameshika kifaa cha kuchomelea. Hapo ndipo tulipompeleka hospitali kubwa wakampima damu, na nikawapigia simu wote nikiwa nalia, nikawaambia chembe nyeupe za damu yake ni nyingi kupita kiasi. Nilisema nyingi. Wote mlinisikia.

Aliyenifungua macho ni muuguzi mmoja anaitwa Wangoi, mama mnene mwenye sauti ya mkwaruzo ambaye hajui kubembeleza mtu. Alinikalisha kwenye benchi akaniuliza kama nimewahi kuona usaha. Nikamwambia nani asiyeujua. Akasema ule usaha si uchafu tu kama tunavyodhani, sehemu kubwa yake ni chembe nyeupe zilizokufa zikipigana na wadudu walioingia kwenye kidonda. Ukichomwa na msumari, kabla hujamaliza kusema uwi, kuna chembe nyeupe zilizokwisha kuanza safari kutoka kwenye mishipa kwenda pale. Zinafika, zinameza wadudu, na nyingi zinafia hapo hapo. Akasema ziko nyingine ambazo kazi yake ni kukumbuka. Ndiyo sababu wewe na mimi tuliugua surua mara moja tu, kwa kuwa ziko chembe mwilini mwetu ambazo hazijasahau sura ya surua mpaka leo. Zote zinatengenezwa ndani ya mifupa, kwenye uboho, ule tunaofyonza kwenye mfupa wa ng'ombe siku ya Krismasi.

Sasa kwa Ken, uboho umeharibika. Unatoa chembe nyeupe kwa fujo, lakini ni changa, hazijui kupigana, hazijui kukumbuka, zinajaa tu na kuzinyima nafasi zile nzuri, na zile nyekundu, na zile za kugandisha damu. Ndiyo saratani ya damu. Kwa hiyo damu ilijaa askari na bado mwili hauna ulinzi. Wakampa dawa kali, na dawa hiyo haichagui. Inafagia mbovu na nzima pamoja. Baada ya dawa nikawapigia tena nikawaambia chembe nyeupe zimekwisha, amebaki nazo chache mno, wamemruhusu aje nyumbani ajikusanye kabla ya awamu ya pili, na mtu asimkaribie na mafua.

Na hapo ndipo wifi yangu Eddah alipopata kazi. Kwamba jana Awiti alisema nyingi, leo anasema chache, kwa hiyo Awiti anaficha kitu. Kwamba yeye alihudhuria semina ya wahudumu wa afya akapewa fulana na cheti, na anajua vizuri sana ni ugonjwa gani unaomaliza chembe nyeupe. Akatuma kwenye kundi ule ujumbe wake: "Hizo ndizo CD4. Zikikwisha tunajua ni nini. Tuombeane, na tupime kabla ya kushika."

Sikuweza kula siku hiyo. Na uchungu wenyewe, Baba Whitney, ni kwamba najua kosa hili limetoka wapi, na ni letu sote tuliokulia hapa. Sisi hatukufundishwa chembe nyeupe kwa ajili ya kidonda wala surua. Tulifundishwa kwa ajili ya ugonjwa mmoja tu. Hukumbuki ile michezo waliyokuwa wakituonyesha chini ya hema pale uwanjani, vijana wenye mashati meupe wakiwa askari wa mwili na wenye mashati meusi wakiwa virusi? Ken mwenyewe aliigiza askari mweupe. Mimi ndiye niliyemfulia shati la shule na kulipiga pasi. Akapigana na mtoto wa jirani mpaka akamtoa damu kweli puani, na wewe ukacheka mpaka ukakaa chini. Tangu siku hizo, hapa kwetu mtu akitaja chembe nyeupe, kila aliyeketi anajua jibu moja. Daktari anaweza kueleza mpaka akauke koo, sisi tumekwisha hukumu kwa mchezo wa kuigiza.

Lakini kutojua nakusamehe. Yale ambayo sikusamehe ni yaliyofuata. Osewe, mtoto wa baba mdogo, alikuwa ameahidi kuja kutoa damu na vijana wenzake wa pale kwenye stendi ya bodaboda, akanyamaza. Dada wawili wa kanisa waliokuwa wamejiandikisha wakasema wana udhaifu. Mteja wa Ken akaja kuchukua dirisha lake ambalo halijakwisha, akalifuta kwa kitambaa kabla ya kulipakia kwenye mkokoteni. Chuma, Baba Whitney. Alifuta chuma. Na wewe, uliyemlea, ukaandika kwenye kundi maneno ambayo nimeyasoma mpaka nikayakariri: "Damu ya nyumba hii haitatolewa kwa ugonjwa wa kujitafutia. Aje nyumbani aombewe, atubu."

Nakuuliza, atubu nini? Kijana ambaye kutoka karakana huja moja kwa moja hapa kula ugali wangu na kunisengenyea wateja wake? Na hata kama angekuwa nao ugonjwa huo unaoogopa kuutaja, ni tangu lini nyumba yetu inamnyima mtu damu kwa kumchunguza kwanza alivyoishi? Baba alikunywa chang'aa mpaka ini likaoza, na tulimchangia wote, na wewe ndiye uliyesimama kaburini ukasema alikuwa mtu mwema.

Nikwambie waliokuja. Alikuja Muia huyu aliyekuletea barua. Akaja Kathini anayeuza chapati mkabala na karakana, akiwa na unga mikononi, akanawa na kuuliza kitanda kiko wapi. Akaja Jeremy, kinyozi, ambaye anaogopa sindano hata akafumba macho na kuimba. Hakuna hata mmoja wao ambaye ni ndugu yetu, wala hakuna aliyeniuliza Ken amefanya nini. Damu yao ndiyo iliyomfikisha Ken hapa alipo. Lakini aliyetoa hawezi kurudia kesho, lazima mwili wake upumzike kwanza, na Ken anakwenda kwa awamu ya pili wiki hii. Daktari amesema wazi kwamba bila damu ya kutosha, na hasa zile chembe za kugandisha, hataanza hiyo dawa, kwa sababu akivuja ndani hawana cha kumrudishia. Jana fizi zimeanza tena. Amelala na kitambaa mdomoni na ananidanganya kwamba ni usingizi tu.

Wewe kwa sukari yako labda watakukataa, sijui, hilo wataamua wao. Sikuandikii kwa sababu ya mkono wako peke yake. Nakuandikia kwa sababu Osewe anangoja neno lako, na vijana wa stendi wanamngoja Osewe, na nusu ya kanisa inangoja kuona wewe, mzee Lazarus, utasimama upande gani. Ulifunga mlango kwa sentensi moja kwenye simu. Sentensi moja inaweza kuufungua.

Sasa nifike kwenye swali lenu. Eddah aliliuliza kwanza, na wewe ukalirudia mbele ya watu, nimeambiwa, ukiwa na kikombe cha chai mkononi. Mliuliza mbona Awiti anayepiga kelele hivi hajalala yeye mwenyewe kwenye kile kitanda akatoa damu. Kwamba ni kundi moja la damu na Ken, mama mmoja, baba mmoja, na afya anayo, ananenepa tu. Mkasema ninaogopa kupimwa kwa kuwa najua nitaonekana nimeambukizwa na ndugu yangu nikimuuguza.

Mmekosea, na mmekaribia, yote mawili.

Ninao mimi. Ugonjwa mliomvisha Ken ni wangu. Ninao tangu kabla hujahamia Kawangware, na ninameza dawa kila siku, na kila nikipimwa wananiambia virusi havionekani kwenye damu, chembe nyeupe zangu zimejaa na zinafanya kazi. Ndiyo maana nimenenepa. Naweza kushona, kupika, kukumbatia mtoto, na kumuuguza mtu ambaye hata mafua yanaweza kumuua. Kitu kimoja tu siwezi, nacho ni kumpa Ken damu yangu. Nilimwomba Wangoi achukue tu, nikamwambia virusi havionekani. Akanijibu kwa upole ambao sikumtegemea kwamba hapana, hii haichukuliwi. Nilitoka nikalia nyuma ya jengo la kufulia mashuka.

Sikuandikii hili nikiomba msamaha. Sitakueleza niliupata wapi, kwa sababu hakuna aliyewahi kukuuliza sukari uliipata kwa nani, wala Eddah presha yake. Na wakikukataa wewe kwenye kile kitanda, utarudi nyumbani na hakuna atakayekutenga na kikombe chake. Nilikaa kimya miaka yote hii kwa sababu nilijua nyumba yetu itafanya nini. Sasa sina tena haja ya kukisia, nimewaona mkimfanyia Ken.

Yeye alijua tangu mwanzo. Ndiye aliyekuwa akinichukulia dawa nilipolemewa na kazi ya sare za shule, akizificha kwenye sanduku lake la vyuma ili wifi na wageni wasizione kwangu. Ule ujumbe wa Eddah ulipokuja, mimi niliruka nikataka kujibu hapo hapo, niwaambie wote ni saratani na majibu ninayo. Ken akanishika nguo. Hata kukaa alikuwa hawezi vizuri. Akaniambia: "Wacha waseme ni mimi, siz. Ukikataa sana watauliza mbona wewe hutoi damu. Mimi nshaanguka, wewe bado unaishi na hawa watu."

Kwa hiyo wakati ulipokuwa unaandika atubu, yeye alikuwa anausoma ujumbe wako akiwa amelala kwenye godoro langu, akakaa kimya ili mimi nisiguswe. Nikamkubalia, na nimekuwa nikinyamaza mpaka jana fizi zilipoanza. Jana nikamwambia nitakuandikia. Amekataa kuongea nami tangu asubuhi. Amegeukia ukutani na ananisikia nikiandika, na kila nikigeuza karatasi anapumua kwa nguvu ili nijue amekasirika. Wacha akasirike. Askari mmoja hawezi kusimama mbele ya kila mtu na mwili wenyewe umekwisha.

Basi fanya utakalo na neno langu, Baba Whitney. Mpe Eddah alisome, aliweke kwenye kundi, alipeleke kanisani na kwenye semina yake. Mimi sitakana. Ila pamoja nalo lipeleke na hili, kwamba Ken Odhiambo ana saratani ya damu, hana kosa, na anahitaji watu wa kutoa damu kabla ya wiki kwisha. Waje moja kwa moja hospitali, waulize sehemu ya kutolea damu, wataje jina lake.

Na wewe njoo hapa. Kama bado unakohoa, simama nje dirishani, nitafungua pazia akuone, hataomba zaidi ya hapo. Kama umepona, beseni liko mlangoni na sabuni ni mpya. Nawa mpaka kwenye viwiko. Ukiingia usinipe mkono, wala Ken usimpe. Lakini jiulize kwanza moyoni, kabla hujavuka kizingiti, mkono wako unaurudisha nyuma kwa sababu ya nani. Kama ni kwa sababu ya Ken, karibu ndani, chai iko. Kama ni kwa sababu yangu, rudi Kawangware, ukamtume Osewe.

Nisalimie Whitney, na mama yake pia, naye nisalimie kwa dhati kwa sababu sina nguvu ya kumchukia mtu nikiwa na mgonjwa. Wasalimie wazee wa kanisa. Waambie maombi yao ya kwenye reli tuliyasikia, na Ken alisema amina.

Ni mimi dada yako uliyenibeba,
Awiti